Agizo la "Tumia Visawe" na Mama Karanga wa Mayungu

Agizo lenyewe huwa fupi: "Andika upya kifungu hiki kwa kutumia visawe." Mwanafunzi hupewa darasani. Karani hutupiwa kwenye WhatsApp saa kumi na moja jioni, pamoja na faili ya kurasa nane. Kijana wa mjini Kilifi anayeandika kwa malipo hulipokea likiwa limefungwa bei na saa ya mwisho. Wote watatu huanza kazi papo hapo, maana sentensi inaonekana imetimia. Ina kitenzi, ina kitu cha kutendwa, na namna ya kukitenda imetajwa. Kilichokosekana ni sababu. Agizo halisemi maneno yaliyopo yana kosa gani, na usipolijua hilo huwezi kujua ni yapi ya kuondoa na ni yapi ya kuacha.

Kwa mtu anayefundisha lugha na kuhariri maandishi ya watu hapa Malindi, neno "visawe" katika agizo kama hili si la kuaminiwa haraka. Mara nyingi mwenye kulitoa ana shida nyingine kabisa. Pengine maandishi ni magumu kwa wasomaji wake. Pengine yamenakiliwa mahali na anaogopa kushikwa. Pengine yameandikwa kwa Kiswahili cha ng'ambo ya mpaka na watu wake wanakisoma kwa taabu, au anaona tu kwamba "hayana uzito". Shida hizo zinataka kazi mbalimbali, na katika nyingi kati ya hizo kubadilisha neno moja kwa jingine ndiyo dawa ya mwisho kufikiriwa.

Chukua kifungu hiki, nilichokitunga kwa ajili ya mjadala wetu:

"Wakati wa kusi wavuvi wengi wa Mayungu hawaendi mbali. Mashua ikirudi, nguru na kolekole huchukuliwa na tajiri. Tafi wadogo huenda kwa mama karanga."

Mtu mtiifu akikaa na kamusi yake, atakurudishia hivi:

"Msimu wa kusini wavuvi chungu nzima wa Mayungu hawaelekei mbali. Chombo kikirejea, nguru na kolekole hutwaliwa na mkwasi. Tafi wachanga huelekea kwa mama njugu."

Agizo limetekelezwa. Karibu kila neno lililobadilishwa lina ushahidi wa kamusi. Hata hivyo, isome mbele ya watu waliokaa kwenye banda la samaki uone watakavyocheka. Kusi ni upepo na majira yake, yale ya kuanzia kama Aprili hadi Septemba bahari inapochafuka. Kusini ni upande wa dira. Tajiri wa bandarini ni mnunuzi ambaye mara nyingi ndiye aliyemkopesha mvuvi nyavu, mashine au pesa za mafuta, kwa hivyo samaki wazuri humfikia yeye kwanza na kwa bei anayoitaka. Anaweza kuwa na madeni mengi kuliko nahodha. Kumwita mkwasi ni kusema habari ambayo mwandishi hakuisema. Mama karanga ni mwanamke anayenunua samaki wadogo, akawakaranga kwa mafuta na kuwauza kando ya barabara, njugu hazimo. Lililo baya kuliko yote halichekeshi: "wadogo" limegeuka "wachanga". Tafi huwa mdogo kuliko nguru na kolekole hata akiwa mzima. Ukisema mchanga, umewashitaki wavuvi wa Mayungu kwamba wanavua vifaranga, na maneno kama hayo yakiingia kwenye ripoti ya uvuvi yanaweza kumletea mtu kesi.

Sasa tuchukulie kwamba mwenye agizo ameulizwa, akasema kifungu ni cha watoto wa darasa la sita huko Machakos. Kazi inageuka:

"Kuanzia kama Aprili hadi Septemba, upepo uitwao kusi huichafua bahari, kwa hivyo wavuvi wengi wa kijiji cha Mayungu huvua karibu na pwani. Samaki wakubwa, kama nguru na kolekole, hununuliwa na mfanyabiashara anayewakopesha wavuvi vifaa. Yeye huitwa tajiri. Tafi, ambao ni wadogo, hununuliwa na wanawake wanaokaanga samaki na kuwauza. Hao huitwa mama karanga."

Maneno yameongezeka zaidi ya mara mbili, na yale yaliyokuwa magumu yamebaki palepale, ila sasa yameelezwa. Na kama angesema ni ripoti ya idara ya uvuvi ya kaunti, ningeandika: "Katika msimu wa kusi, uvuvi wa Mayungu hufanyika zaidi karibu na ufuo. Nguru na kolekole hununuliwa na matajiri, na tafi wadogo na mama karanga." Hapa muundo wa sentensi umehama, majina ya kazi hayakuguswa, kwa kuwa ndiyo makundi ambayo afisa anayajua na anayahesabu. Mwenye agizo ni yuleyule, na neno "visawe" ni lilelile.

Shule ndiyo iliyotuzoesha kuliamini neno hilo. Mtihani wa kumaliza sekondari nchini Kenya, KCSE, ulioanza mwaka 1989 una karatasi ya pili ya Kiswahili, 102/2, yenye alama 80: ufahamu 15, ufupisho 15, matumizi ya lugha 40 na isimujamii 10. Nusu nzima ya karatasi ni matumizi ya lugha, na sehemu hiyo imejaa mabano. Andika upya kulingana na maagizo. Tumia kisawe cha neno lililopigiwa mstari. Anza kwa neno fulani. Kanusha. Andika katika udogo wingi. Mwanafunzi wa pwani anayezungumza Kiswahili tangu chekechea hushangaa kwamba mwenzake wa bara, ambaye lugha aliikuta shuleni, anampita hapo. Hakuna ajabu. Mwenzake amejifunza kusoma mabano.

Yako maagizo ya mtihani yaliyotungwa vizuri sana, na sifa zao hazisemwi vya kutosha. "Eleza maana ya maneno yafuatayo kama yalivyotumika katika kifungu." Lile fungu la mwisho linafanya kazi kubwa. Linamwambia mtahiniwa aiweke kamusi kando, arudi kwenye aya, ajaribu jibu lake ndani ya sentensi aone kama linakaa. Ukiliondoa, swali linakuwa bahati nasibu. Tazama neno "nyanya". Katika vitabu vya shule vya Kenya, nyanya ni mama wa mzazi wako. Jikoni pia kuna nyanya, na pwani wengi huziita tungule. Mtoto wa Malindi akiambiwa aandike kisawe cha nyanya bila ya sentensi, anaweza kuandika "tungule" akawa sawa, au "bibi" akawa sawa vilevile, kwa kuwa kwao bibi ndiye huyo mama wa mzazi. Tatizo ni kwamba msahihishaji aliyekulia bara amezoea bibi akiwa ni mke. Mtoto hajakosea. Aliyetunga swali ndiye aliyesahau kwamba jina moja lina nyumba zaidi ya moja.

Ufupisho nao una ugonjwa wake. Maagizo humtaka mtahiniwa afupishe aya kwa idadi fulani ya maneno bila kupoteza maana, na mara nyingi alama ya mtiririko hutajwa waziwazi. Darasani walimu huongeza lao: usinakili sentensi, tumia maneno yako. Nasaha hiyo ni njema, lakini mtoto huisikia kuwa ni marufuku kulitumia neno lolote lililomo kwenye kifungu. Kifungu kinahusu mikoko ya Mida; mtoto anaanza kuihangaikia mikoko aitafutie jina jingine, anaishia "miti iotayo kwenye maji ya chumvi", na maneno sita yamekwisha katika hesabu ya sitini. Mikoko ni jina la kitu. Kinachotakiwa kuwa chake ni mpangilio wa hoja, nini kitangulie na nini kiachwe.

Halafu kuna insha. Hapa kosa nalitupia utamaduni wetu wa kufundisha kwa jumla. Tumewaaminisha watoto kwamba neno zito lina alama zaidi ya neno jepesi, kwa hivyo "tumia visawe" humfikia mwanafunzi masikioni kama "tumia maneno magumu". Kompyuta inakuwa tarakilishi na televisheni inakuwa runinga, hata pale mhusika ni mzee wa Ganze anayeangalia mpira dukani. Sheikh Ahmed Nabhany, mshairi wa Lamu na Mombasa aliyetuachia runinga na istilahi nyingine, alikuwa akijaza pengo la lugha. Hakuzitengeneza ziwe mapambo. Na Kamusi ya Visawe ya Mohamed A. Mohamed na Said Ahmed Mohamed, ya mwaka 1998, ni kitabu cha kumsaidia mtu anayelijua neno analolitafuta lakini limemkimbia ulimini. Asiyelijua neno, kamusi ya visawe itampa orodha ya mitego.

Mtaala nao unabadilika. KCPE, mtihani wa kumaliza shule ya msingi, ilifanywa mara ya mwisho 2023, na Januari 2026 wanafunzi wa kwanza wa mtaala mpya waliingia gredi ya kumi. Kazi nyingi za tathmini sasa hutungwa na walimu wenyewe shuleni, bila ya jopo la kuyapitia maagizo neno kwa neno. Natarajia mabano mengi yenye utata katika miaka hii ijayo, na natarajia wazazi wapigiane simu saa mbili usiku kuulizana mwalimu alimaanisha nini.

Pwani yetu iliwahi kupewa agizo la kuandika upya kwa kiwango ambacho hakijarudiwa. Mwaka 1928 mkutano wa maafisa wa elimu na wataalamu ulikaa Mombasa na kukubaliana kwamba Kiunguja kiwe msingi wa Kiswahili cha shule na vitabu. Mwaka 1930 Kamati ya Lugha ya Afrika Mashariki ikaanza kazi, ikawa inapitia miswada ya vitabu vya shule kabla ya kuipa idhini yake. Mwandishi wa Kimvita au Kiamu aliyetaka kitabu chake kiingie darasani ilibidi akipitishe kwenye chujio hilo. Ndia ikawa njia, mato yakawa macho, kitwa kikawa kichwa. Agizo lile lilikuwa wazi kuhusu neno la kuweka. Halikusema la kuhifadhi. Mombasa malalamiko hayakuisha upesi, na mtu akisoma Historia ya Kiswahili ya Shihabuddin Chiraghdin na Mathias Mnyampala, iliyotoka 1977, atayakuta yamesemwa kwa adabu lakini bila kuficha.

Kabla ya hapo kuna mfano mwingine, ambao mimi huupenda zaidi. Ludwig Krapf, aliyefika Mombasa 1844 na kuhamia Rabai, ambayo leo iko katika Kaunti ya Kilifi, alikusanya kamusi kubwa iliyojaa Kiswahili cha Mombasa na jirani zake. Ilichapishwa 1882, mwaka mmoja baada ya kufa kwake. Ilikuwa hazina, na ilikuwa vigumu kuitumia: tahajia yake ni ya kivyake na maelezo yanatangatanga. Mwaka 1925 ikatoka upya kwa kazi ya mmisionari Harry Binns, na ukurasa wa jina ukaeleza mambo mawili: kamusi hii ni ya Krapf, na Binns ameisahihisha na kuipanga upya. Msomaji anajua nani amefanya nini. Sioni aibu kuwaonyesha vijana wa leo ukurasa ule, maana kazi nyingi wanazopewa zinataka kinyume chake hasa.

Nikisema hivyo nazungumzia soko la uandishi wa mtandaoni. Kenya imejulikana kwa kuwa na vijana wengi wanaowaandikia wanafunzi wa nchi za nje kazi zao za chuo, na miji yenye vyuo, Kilifi na Chuo Kikuu chake cha Pwani ikiwamo, haikosi vijana wenye kompyuta na njaa ya kipato. Huko agizo la visawe lina maana moja tu: fanya programu ya kukagua unakili isishtuke. Kijana anayelichukua kuwa ni zoezi la lugha amejidanganya. Na hata ukiweka suala la uaminifu pembeni, kazi yenyewe hutoka mbovu. Mwaka 2021 watafiti Guillaume Cabanac, Cyril Labbé na Alexander Magazinov waliionyesha dunia makala za kisayansi ambamo istilahi za kawaida zilikuwa zimepigwa visawe hadi hazitambuliki. Saratani ya matiti ilikuwa imegeuka kuwa kitu kama "hatari ya kifuani", na akili bandia ikawa "fahamu ya kughushi". Makala hizo zilikuwa zimepita kwa wahariri. Zilinaswa kwa sababu hakuna mtaalamu yeyote wa fani ile azungumzaye hivyo, sawa na pale mvuvi anapomsikia mama njugu.

Kiswahili kina tatizo la ziada hapa, kwa kuwa istilahi zetu mpya bado hazijatulia. Hiyo akili bandia wengine huiita akili mnemba, wengine akili unde. Mwandishi wa ripoti akiyatumia yote matatu katika ukurasa mmoja ili "asirudierudie", msomaji wa kawaida atadhani zinatajwa mashine tatu. Kurudia neno katika maandishi ya kazi ni fadhila. Nimewahi kuirudisha ripoti kwa mteja ikiwa na neno moja limerudiwa mara kumi na moja, akalalamika kwamba sikufanya kitu.

Na sasa ardhi, ambako mchezo huu huacha kuwa wa kuchekesha. Ukanda huu wa pwani una historia yake ya umilikaji tangu Sheria ya Hatimiliki za Ardhi ya 1908, iliyowataka watu walete madai yao ya ardhi yaandikishwe. Wengi walioishi na kulima hapa, hasa Wamijikenda, walibaki bila hati, na mpaka leo neno "skwota" limeng'ang'ania vijiji vizima vya Kilifi. Juu ya hayo, Mombasa na Malindi kuna watu wenye nyumba ambao hawana kiwanja: nyumba ni yake, ameijenga, anaweza kuiuza, na ardhi iliyo chini yake anailipia kodi mtu mwingine. Mashambani minazi inaweza kuwa ya mmoja na udongo wa mwingine. Mwandishi akiletewa tangazo au makubaliano ya aina hii aambiwe "iandike upya iwe nzuri, tumia visawe", kisha akabadilisha mwenye nyumba kuwa mmiliki wa makao, mkaazi kuwa mpangaji, skwota kuwa mvamizi, amegawa haki za watu kwa kalamu. "Mkaazi" halisemi kama mtu analipa kodi. "Mpangaji" linasema. "Mvamizi" linasema alikuja jana na hana ruhusa, hata kama babu yake amezikwa pale. Katika karatasi kama hizo nilikuwa nikimwambia kijana mmoja niliyefanya naye kazi: majina ya watu kuhusiana na ardhi yaache kama ulivyoyakuta, hata kama yanakukera. Rekebisha sentensi zinazoyazunguka.

Kijana huyo siku moja aliniandikia jioni. "Mwalimu, samahani kwa usumbufu. Nimepewa kazi ya kuandika upya kwa visawe, kesho saa nne waitaka. Nianzie wapi?" Nikamjibu amuulize mwenye kazi nani ataisoma. Akaona haya: mwenye kazi ni mtu mzima, atadhani anadharauliwa. Haya hiyo naijua, ni ya malezi yetu, na si ya kupuuzwa. Kuna njia ya kuuliza ambayo haimshushi mtu hadhi. Mwandikie: "Mzee wangu, nimeipata kazi, ahsante. Ili nisikuharibie, nimeandika aya ya kwanza kwa namna mbili. Niambie ipi inakufaa niendelee nayo." Ametumiwa sampuli, hakutumiwa swali. Katika mambo haya, wengi hawajui wanataka nini mpaka wakione, na aya moja ya namna mbili huchukua muda mfupi kuliko kurasa nane za kurudia.

Pasipo mtu wa kuulizwa, kama chumba cha mtihani, shika sentensi uliyopewa na uachane na orodha za visawe ulizokariri. Liweke neno lako mahali pa lile lililopigiwa mstari, usome sentensi nzima, na uangalie upatanisho wa kisarufi, kwani kisawe kikiwa cha ngeli nyingine kinavuta viambishi vyote nyuma yake. Nusu ya makosa niliyoyaona yako hapo. Katika kazi ya kulipwa ambayo mwenyewe hapatikani, andika juu ya ukurasa wa kwanza mstari mmoja unaosema umelielewa agizo vipi na umeacha nini bila kukigusa. Akitaka vinginevyo atasema.

Ama kwa wanaotoa maagizo, walimu wenzangu na maofisa, hiki hapa kielelezo cha agizo ambalo ningefurahi kulipokea: "Andika upya aya tatu za kwanza kwa ajili ya wazazi wa shule za msingi za Magarini, waweze kuzielewa wakisomewa mkutanoni. Tarehe, kiasi cha pesa na majina ya vyeo usibadilishe. Maneno yaliyozoeleka huku yakubalike hata kama hayamo vitabuni. Urefu usizidi ukurasa mmoja. Chanzo kitajwe chini." Neno "visawe" halimo humo. Likitakiwa sana, litiwe mwishoni, baada ya mengine yote.